Jedwali Linalosikika

Mwaka jana niliandaa jedwali la ngeli za Kiswahili kwa ajili ya wenzangu waliokuwa wakijitayarisha kwa mtihani. Lilikuwa na safu nne: namba ya ngeli, kiambishi sanifu, kiambishi cha Lubumbashi na mfano. Nililipiga picha, nikaiweka kwenye ukurasa wa wavuti wa somo letu. Wengi walinishukuru. Kisha, siku mbili kabla ya mtihani, mwenzetu mmoja asiyeona, ambaye husoma kwa kusikiliza programu inayotamka yaliyo kwenye skrini, akaniambia: « Ndugu, jedwali lako ni bubu. Mashine inasema ‘picha’, kisha inanyamaza. »

Usiku ule nikaliandika upya kwa maandishi. Asubuhi akanijibu: « Sasa linasema, ila sijui linasema nini. » Alikuwa amesikia hivi: moja, m, mu, mutoto, mbili, wa, ba, batoto… Alipofika kwenye « bi » hakujua tena kama ni ya Kiswahili sanifu au ya Lubumbashi, wala ni ya ngeli gani.

Kosa langu lilikuwa nini? Katika jedwali, seli haijitoshelezi. « Bi » inapata maana kutoka juu, kwenye kichwa cha safu, « Kiambishi cha Lubumbashi », na kutoka kushoto, kwenye kichwa cha mstari, « Ngeli ya 8 ». Anayeona huinua jicho mara moja akaviona vyote viwili. Anayesikiliza hupokea neno moja baada ya jingine, na uhusiano huo usipotamkwa, haupo.

Sisi wa lugha za Kibantu tulipaswa kulijua hili kabla ya wengine. Tazama sentensi hii: « Vitabu vile vitatu vilivyopotea jana sokoni vimepatikana. » Kitenzi cha mwisho kiko mbali na nomino yake, lakini msikilizaji hapotei, kwa sababu kila neno linalohusika limebeba vi-. Upatanisho wa kisarufi hufanya kazi hiyo hiyo: unamkumbusha msikilizaji jambo linalosemwa ni la nani. Jedwali la wavuti nalo linahitaji upatanisho wake.

Upatanisho huo huwekwa kwa alama za HTML. Mimi nilikuwa nimeziandika seli zote kwa alama ya td, yaani seli ya kawaida, hata zile za vichwa. Vichwa huandikwa kwa alama ya th, na sifa ya scope huonyesha kichwa kinatawala upande gani: « col » kwa safu, « row » kwa mstari. Baada ya hapo, msikilizaji akishuka kutoka seli hadi seli, programu humtajia ngeli mpya. Akienda pembeni, humtajia safu mpya. Alama ya caption nayo hulipa jedwali jina, ili ajue analoingia kabla hajaingia. Miongozo ya W3C ilidai vichwa vya safu na mistari vitambulishwe tangu 1999.

Mambo mengine matatu niliyajua baadaye. La kwanza ni rangi. Nilikuwa nimepaka nyekundu maumbo yanayotofautiana na Kiswahili sanifu. Rangi haisikiki, kwa hiyo niliongeza safu yenye neno « tofauti ». La pili ni seli tupu. Lubumbashi tuna katoto na tutoto, ngeli ya 12 na ya 13; upande wa sanifu niliacha wazi. Je, kiambishi hakipo, au sikukitafuta? Niliandika « hakuna ». Swali hilo humsumbua hata anayeona.

La tatu ni lugha yenyewe. Kompyuta zetu nyingi zimewekwa kwa Kifaransa, na sauti ya Kifaransa huitamka u ya « mutoto » kama u ya « lune ». Ukurasa ukitangaza lugha yake kwa sifa ya lang yenye thamani « sw », programu iliyo na sauti ya Kiswahili huweza kuitumia.

Kujaribu hakuhitaji pesa. NVDA, programu iliyoanzishwa Australia mwaka 2006 na Michael Curran, kisha James Teh akajiunga naye, wote wawili wasioona, hutolewa bure. Fungua jedwali lako, zima skrini, shika Ctrl na Alt, kisha tembea kwa vishale. Usipojua uko wapi, na msomaji wako hatajua.

Mwenzetu alilipata jedwali zima jioni ya kuamkia mtihani. Sisi wengine tulikuwa nalo kwa wiki mbili. Alifaulu, lakini usiku ule mmoja haukuwa haki yake. Majedwali ya kazi zetu za kumaliza masomo yanakuja. Tuyasikilize kabla ya kuyatoa.