Mavazi Kiambere: Kutoka ngozi ya mbuzi hadi mitumba

Mwanzoni mwa karne ya 20, wakazi wa Kiambere, katika nyanda kame za Mbeere, walivaa ngozi za mbuzi zilizolainishwa kwa mafuta. Wanawake walizipamba kwa shanga.

Waingereza walipoitiisha Embu mwaka 1906, kodi ya kibanda ilifuata. Vijana waliokwenda kutafuta fedha za kuilipa katika mashamba ya walowezi walirejea na blanketi, kaptura na kitambaa cha merikani, kilichoitwa hivyo kwa kuwa awali kilitoka Marekani. Nao wamishonari wa Kianglikana, waliofungua kituo Kigari mwaka 1910, walitaka waumini wavae nguo. Ngozi ikahesabiwa kuwa ushenzi, hukumu ambayo haikuwa na haki yoyote.

Baada ya uhuru mwaka 1963, serikali ililinda viwanda vya nguo vya humu nchini dhidi ya bidhaa za nje. Kicomi ya Kisumu na Rivatex ya Eldoret zilihitaji pamba, zao linalostahimili ukame, na wakulima wa Mbeere walikuwa miongoni mwa walioipanda. Kitambaa kilinunuliwa dukani, kisha fundi wa cherehani akashona barazani. Ndiye aliyeshona hata suruali za miaka ya 1970 zilizopanuka miguuni, ambazo Watanzania waliziita bugaluu. Ujenzi wa bwawa la Kiambere, uliokamilika mwaka 1988, ulileta wafanyakazi kutoka sehemu nyingine, na mitindo yao pia.

Soko lilipofunguliwa miaka ya 1990, mitumba iliingia kwa wingi. Mzazi wa kipato kidogo aliweza kuwavisha watoto wake wote kwa bei ya shati moja jipya. Ni vigumu kumlaumu. Lakini Rivatex ilifungwa mwaka 2000, na ingawa Chuo Kikuu cha Moi kiliinunua mwaka 2007, wakulima wengi wa Mbeere walikuwa wamekwisha kuiacha pamba na kugeukia muguka.

Machi 2020 serikali ilipiga marufuku uagizaji wa mitumba kwa sababu ya Covid-19, ikauruhusu tena Agosti mwaka huohuo.

Fundi angali barazani, ila kazi yake kubwa ni sare za shule na kupunguza suruali za mitumba. Ngozi na shanga nazo hurudi siku ya mahari, mara nyingi zikiwa zimekodishwa.