Norman Birkett: mbunge aliyeshindwa, jaji wa Nuremberg

Kabla ya kuketi mbele ya wakubwa wa utawala wa Hitler, Norman Birkett alikuwa amepoteza kiti cha ubunge mara mbili.

Alizaliwa mwaka 1883 Ulverston, mji mdogo wa kaskazini mwa Uingereza, ambako baba yake aliuza vitambaa. Akawa avoka mwenye sifa kubwa. Mwaka 1923 raia wa Nottingham East walimchagua mbunge kwa chama cha Liberal; mwaka uliofuata wakamwangusha. Alirudi 1929, akashindwa tena 1931. Miaka kumi baadaye, akateuliwa jaji.

Vita ya pili ya dunia ilipokwisha, Uingereza ilimtuma Nuremberg, Ujerumani, kama jaji wa badala. Alisikiliza kesi tangu Novemba 1945, akasaidia sana kuandika hukumu, lakini hakuwa na haki ya kupiga kura.

Oktoba 1946, kati ya washitakiwa 22, tribinali iliamua 12 wanyongwe, 7 wafungwe, na 3 waachiliwe huru. Hao watatu wanaonyesha kwamba ushahidi ulipimwa; haikuwa kisasi tu cha washindi.

Njia hiyo inatugusa sisi Wakongomani. Mwaka 2012, Thomas Lubanga alihukumiwa La Haye miaka 14 kwa kuingiza watoto vitani Ituri. Msingi ni ule ule wa Nuremberg: mkubwa wa vita anajibu yeye mwenyewe, cheo hakimfichi.

Birkett alifariki mwaka 1962.