Njia ya Taita na Kalamu ya Wachora Ramani

Msafiri atokaye Mombasa akifika Voi huona njia zimegawanyika. Moja yaendelea mbele kwenda Nairobi. Ya pili yakata kushoto, yapita Mwatate, Bura na Maktau, hata kufika Taveta mpakani. Siku isiyo na mawingu, msafiri huyo akikaza macho mbele yake ataona kitu cheupe kikielea mbali juu ya nyika. Hakuna dereva wa matwana anayekishangaa. Ni Kilimanjaro, na weupe ule ni theluji. Mtoto wa shule anajua.

Lakini huko Ulaya weupe huo ulibishaniwa zaidi ya miaka kumi, na aliyeongoza ubishi hakuwahi kukanyaga Taita wala Rabai. Silaha yake ilikuwa vitabu na ramani. Kisa hiki chafaa kusimuliwa upya na sisi watu wa pwani, kwani wazee wetu wamo ndani yake tangu mwanzo, ijapokuwa wachache mno walioandikwa majina.

Mwezi wa Aprili 1848, padre mmoja Mdachi, Johannes Rebmann, aliyekuwa akitumikia misheni ya Kiingereza pale Rabai, alifunga safari ya kwenda Uchagani. Mwaka uliotangulia alikuwa amekwisha fika Taita, kwenye mlima alioandika kwa jina la Kadiaro, nao ndio Kasigau. Safari hii alifuatana na kiongozi wa misafara, Bwana Kheri, Mswahili aliyeijua njia ya Uchagani kama aijuavyo njia ya msikitini kwake. Njia yenyewe ilikuwa ya wafanya biashara wa pembe: kuivuka Taru isiyo na maji, kupumua kwenye milima ya Taita wapatikanapo maji na chakula, kisha kuingia nyika tena hadi Taveta.

Tarehe 11 Mei, wakiwa wameiacha milima ya Taita nyuma yao, Rebmann aliona juu ya mlima mmoja weupe wa kuumiza macho. Alidhani ni wingu. Alipomwuliza kiongozi wake, alijibiwa kwa neno moja tu: baridi. Rebmann alizaliwa katika nchi ya theluji, akafahamu mara moja.

Tulitazame vizuri neno hilo la kiongozi. Yeye hakusema ni wingu, wala hakusema ni jiwe jeupe. Alisema kile ambacho mtu wa nyika za chini angeweza kukijua kwa hakika, kwamba huko juu kuna baridi. Tena Rebmann alisimuliwa habari za mtawala mmoja wa Uchagani aliyepeleka watu wakachunguze kitu kile cheupe, wakaangamia, na aliyerudi alirudi na viungo vilivyoharibika. Kwa mwenye kusikiliza, ushahidi ulikuwa umetimia.

Habari zilichapwa London mwaka 1849. Hapo ndipo alipozuka bwana mmoja msomi, William Desborough Cooley, akakanusha. Theluji karibu na mstari wa ikweta? Haiwezekani, padre ameona mazigazi. Mwaka 1852 Cooley alitoa kitabu kizima kuhusu bara la ndani ya Afrika na bado akashikilia neno lake. Ajabu ni kwamba Cooley mwenyewe sehemu kubwa ya elimu yake aliipata kwa mtu wa kwetu, Khamis bin Uthman, aliyefika Uingereza katika miaka ya 1830. Basi alimsadiki Mswahili aliyeketi naye chumbani London, asimsadiki Mswahili aliyesimama nyikani akinyosha kidole mlimani. Ubishi haukuisha mpaka Baron Carl Claus von der Decken alipoupanda mlima huo mwaka 1862 hadi mita zipatazo 4,200 na kuthibitisha kuwa theluji ipo.

Hayo ya mlima ni madogo mbele ya yale ya maziwa.

Rebmann na mwenzake Jakob Erhardt waliazimia kuchora ramani ya bara zima lililo nyuma ya mwambao wetu. Hawakuwa wamelitembelea. Rebmann mwisho wake ulikuwa Uchagani, naye Erhardt mwaka 1854 alikaa Tanga muda wa miezi ipatayo sita. Walichofanya ni kuuliza. Waliwauliza wenye misafara, Waswahili na Waarabu, na watu wa bara walioletwa pwani: kutoka hapa hadi pale ni siku ngapi? Maji yako wapi? Mbele yake kuna nani? Ramani nzima, kwa kweli, imejengwa kwa miguu ya wapagazi. Urefu wa njia ulipimwa kwa siku za mwendo.

Waliokwenda kwa njia za kusini walisema: mwisho wa safari tulifika kwenye maji makubwa. Waliopita Unyamwezi hadi Ujiji walisema hivyo hivyo. Na wale wa njia za kaskazini nao walisema wamesikia habari za maji yasiyoonekana ng'ambo. Mapadre wakakaa wakafikiri, wakaona jawabu ni moja: maji hayo yote ni bahari moja. Wakaichora, ndefu na nene, kutoka karibu na ikweta hadi kusini katika nchi za Nyasa, imejikunja katikati ya Afrika mfano wa koa, yule konokono asiye na nyumba. Wakaiita Bahari ya Unyamwezi. Ilipochapwa mwaka 1856 na kujadiliwa London katika Chama cha Kifalme cha Jiografia, wengine walicheka. Mmoja wa walioandika juu ya kicheko hicho ni John Speke. Hata hivyo chama hicho kilimtuma yeye pamoja na Richard Burton waende wakatazame. Walitoka pwani mwaka 1857, na mwaka uliofuata Burton na Speke waliiona Tanganyika pale Ujiji, kisha Speke peke yake akaifikia Nyanza upande wa Mwanza.

Maziwa yalikuwa matatu: Nyasa, Tanganyika na Nyanza. Kila msafiri aliyeulizwa pwani alisema kweli. Hakuna hata mmoja aliyeongopa. Uongo uliingia pale kalamu ilipounganisha kweli tatu kuwa kitu kimoja, kwa sababu mchoraji hakustahimili nafasi tupu katikati ya karatasi. Hata sasa vitabu vingi humtaja koa yule kama mfano wa habari duni za wasafiri wa pwani. Mimi naona hukumu hiyo imempiga asiyehusika.

Si Wazungu peke yao, na haki isemwe. Sharif al-Idrisi, mwanachuoni mkubwa wa jiografia katika Uislamu, alimalizia ramani yake ya dunia mwaka 1154 kwa mfalme Roger wa Sicily, na humo mwambao wa Afrika umepindishwa kuelekea mashariki hadi mbali sana, kwa kufuata mapokeo ya Wayunani wa kale. Tena aliichora kusini ikiwa juu na kaskazini chini. Mtoto aliyezoea ramani ya darasani akiiona huigeuza. Lakini kwani juu ni wapi? Mwenye kusali Voi huelekea kaskazini, akipinda kidogo mno upande wa mashariki. Kwenye ramani ya shule kibla chake kiko juu. Kwenye ramani ya Idrisi kiko chini. Makka haijasogea.

Tofauti ni kwamba ramani ya Idrisi haikumhamisha mtu. Zilizokuja baada ya koa zilihamisha.

Mwaka 1885 Sayyid Barghash alimtuma Jenerali Lloyd Mathews na askari hadi Taveta na Uchagani kutweka bendera ya Unguja, kwa hoja kwamba njia ya misafara ni njia yake. Mwaka huo huo Wadachi walikuwa wakitafuta saini za watawala wa Uchagani, na Mwingereza Harry Johnston alikuwa amekwisha jipatia ardhi Taveta mwaka 1884. Mwishoni mwa 1886 Uingereza na Ujerumani zilipatana. Sultani akaachiwa ukanda wa maili kumi za bahari kutoka pwani, na huko nyuma yake ukapigwa mstari: kutoka mdomo wa mto Umba moja kwa moja hadi ziwa Jipe, uvuke mto Lumi, upite katikati baina ya Taveta na Uchaga, uzunguke tako la Kilimanjaro upande wa kaskazini, kisha uende zake hadi Nyanza. Wengi husimulia kwamba mstari ulipinda pale kwa kuwa Malkia Victoria alimpa mjukuu wake mlima kuwa zawadi. Ni hadithi tamu, lakini mapatano yenyewe hayana zawadi ya aina hiyo. Mstari ulifuata saini zilizokwisha kusanywa na bandari zilizotakiwa. Wataveta waliokuwa wakienda soko la Uchagani asubuhi na kurudi jioni walijikuta wanavuka himaya mbili.

Vita ilipofika mwaka 1914 Wadachi waliiteka Taveta mwezi wa Agosti, na Waingereza wakaanza kujenga reli ya vita kutoka Voi kuelekea huko mwaka uliofuata. Watu wa Kasigau, mlima ule ule aliouandika Rebmann, walituhumiwa mwaka 1915 kuwa wanawaongoza Wadachi. Waingereza wakawang'oa wakawapeleka Malindi, na miaka mingi ikapita kabla ya kurudishwa. Mstari uliowatia katika tuhuma hiyo walikuwa hawakuuchora wao.

Kisha ikaja rangi ya kijani. Mwaka 1948 serikali ya kikoloni ilitangaza Mbuga ya Tsavo, ikagawiwa baadaye mashariki na magharibi. Ukiitazama ramani ya Taita Taveta leo, karibu asilimia 62 yake ni mbuga. Rangi hiyo husema hapa hapana watu. Waata waliowinda humo kwa upinde, na Wataita walioshuka milimani kutafuta asali na malisho, waligeuzwa wahalifu katika nchi waliyojua kila kisima chake. Ndovu nao hawaisomi ramani. Hutoka kijani usiku wakaingia shamba la mahindi, na asubuhi mwenye shamba huambiwa angoje fidia.

Hata sasa mambo hayajatulia. Msafiri wa kutoka Mombasa, kabla hajafika Maungu, hupita Mackinnon Road, mji uliopewa jina la mkubwa wa kampuni ya Kiingereza iliyokata njia hapo. Kando ya reli pana msikiti na kaburi la Sayyid Baghali Shah, aliyefanya kazi ya reli. Wengi wetu tumeteremka hapo kusoma Fatiha na kutoa sadaka. Kaunti za Kwale na Taita Taveta zimekuwa zikivutana juu ya mji huo, kila moja ikiudai pamoja na ushuru wake, na kila upande huja na ramani yake mkononi.