Filamu za Songwe: soko haliishii mpakani

Anayetaka kupiga filamu ya mila na mazingira ya Wanyamwanga au Wandali kwa lugha yao huambiwa mapema kwamba watazamaji ni wachache, hela haitarudi. Hesabu hiyo ina kasoro: inaishia mpakani. Kinyamwanga kinasemwa Tunduma na Momba, mkoani Songwe, kisha kinaendelea ng'ambo, Nakonde na Isoka nchini Zambia. Kindali cha Ileje kinavuka Mto Songwe hadi Chitipa, Malawi. Tunduma yenyewe imekua kwa kuuza pande zote mbili, na filamu iliyo kwenye flashi ni mzigo mwepesi kuliko gunia la mpunga. Televisheni za nchini, zinazotangaza kwa Kiswahili na Kiingereza, hazitaibeba, basi mzalishaji aanzie kwenye vibanda umiza na simu za watu. Kwamba mtazamaji wa kipato cha chini hulipia sauti anayoielewa, hilo lilishaonekana Dar es Salaam, ambako Lufufu alijipatia jina kwa kufasiri filamu za kigeni kwa Kiswahili.

Hata hivyo tusidanganyane, kiingilio cha kibandani hakitoshi. Filamu ya Thank You for the Rain ya 2017, ambayo mkulima wa Kitui nchini Kenya, Kisilu Musya, aliirekodi kwa miaka kadhaa akionyesha ukame na mafuriko yanavyomwandama, ilitengenezwa pamoja na Julia Dahr wa Norwei, kwa fedha za nje. Wapo wanaosema hapo ndipo sanaa hugeuka omba-omba. Mimi naona wafadhili walinunua kitu adimu: dhoruba ilipobomoa nyumba ya Kisilu, mwenye kamera alikuwa mwenye nyumba. Mgeni wa wiki mbili hapati picha hiyo. Vivyo hivyo Momba, ambako miombo inaishia kwenye matanuri ya mkaa, bidhaa anayo yule anayeishi pale misimu yote.

Mteja wa karibu zaidi yuko Ndolezi, Mbozi. Kimondo cha pale, kinachokadiriwa kuwa na tani 16, kiliingia vitabuni mwaka 1930 kupitia mpimaji W. H. Nott, na Desemba mwaka huohuo mjiolojia D. R. Grantham alikaa saa 10 akikata kwa msumeno kipande cha sentimita 10. Wanyiha walikijua kabla ya hao wawili. Filamu fupi ya wazee wao, ikionyeshwa hapohapo kwa sehemu ya kiingilio, ingekuta wageni wameshafika. Pingamizi zito ni kwamba mambo ya tambiko yakiuzwa yamekwisha heshima. Ni kweli, ndiyo maana wazee wapewe haki ya kukataa picha kabla uhariri haujakamilika. Sheria ya Hakimiliki ya 1999 inalinda sanaa za jadi, ila kibali kinatoka kwa chombo cha taifa, si kwa ukoo. Pengo hilo lizibwe na mkataba: nani anatunza picha ghafi, nani analipwa kila filamu inapoonyeshwa, na picha zipi hazitoki kijijini.