Je, Wajua? Filamu Iliyongoja Mauti ya Mwenyewe

Manoel de Oliveira, mtengenezaji filamu mashuhuri wa Ureno aliyezaliwa Porto mwaka 1908, alipolazimika kwa ajili ya madeni kuiuza nyumba aliyoishi na ahali zake kwa miaka kama 40, alipiga humo mwaka 1982 filamu ambayo ndani yake anatokea yeye mwenyewe, si kwa kuigiza, akiihadithia kamera habari za maisha yake, ndoa yake, na jinsi polisi wa siri wa Salazar, dikteta wa Ureno, walivyomtia kizuizini mwaka 1963. Kisha akausia isionyeshwe hadharani ila baada ya kufa kwake. Huenda alidhani, umri ukiwa umekwisha kupita 70, kwamba ngoja hiyo haitakuwa ndefu. Lakini Mola alimruzuku miaka mingine zaidi ya 30, naye hakukaa bure, bali aliendelea na kazi yake, na mwaka 1994 akatokea tena kwa nafsi yake katika Lisbon Story ya Mjerumani Wim Wenders. Alifariki Aprili 2015, mwenye miaka 106. Na Mei yake wasia ukatimizwa, filamu hiyo, Visita ou Memórias e Confissões, ikaonyeshwa Porto, kisha katika tamasha la Cannes.