Kufuli la Google halimzuii mwizi wa kishikwambi

Kwa mafundi simu wa Kariakoo, kutoa FRP ni kazi ya kila siku. FRP ni kufuli ambalo Google ililianzisha kwenye Android 5.1 mwaka 2015: kifaa kikifutwa bila mwenyewe kuridhia, hakitumiki mpaka iingizwe akaunti iliyokuwemo. Nia ilikuwa mali ya wizi ikose mnunuzi.

Kwenye vishikwambi vya bei nafuu nia hiyo haijatimia. Apple, tangu iOS 7 ya mwaka 2013, huweka kumbukumbu ya mwenye iPad kwenye seva zake, hivyo kukifuta kifaa hakuifuti. Kumbukumbu ya FRP inakaa ndani ya kifaa chenyewe, na fundi mwenye waya na kompyuta akiifikia, anaifuta. Chipu nyingi za zamani za MediaTek, ambazo zimejaa kwenye vishikwambi hivi, zina kasoro katika programu ya kuwashia iliyochomwa humo kiwandani. Hakuna sasisho linaloweza kuiondoa. Vishikwambi vinavyouzwa bila idhini ya Google hali yake ni mbaya zaidi, kwani vingi havina kufuli hilo kabisa.

Android 15, iliyotoka mwaka 2024, imekaza kamba: anayeruka hatua za mwanzo hawezi kuongeza akaunti, kuweka namba ya siri wala kusakinisha programu. Lakini kishikwambi cha bei ya chini mara nyingi hubaki na toleo kilichotoka nalo kiwandani. Na kisichotumia laini hakina IMEI, kwa hiyo hata mamlaka ya mawasiliano haina namba ya kukifungia.

Anayeumia ni mnunuzi mwaminifu. Yupo aliyefunguliwa akaunti dukani na muuzaji, hakupewa nywila, na siku akikifuta kifaa kwa vitufe vya pembeni analipa fundi ili arudishiwe mali yake mwenyewe. Huu ni uonevu, na wauzaji wanaweza kuukomesha leo kwa kumwandikia mteja akaunti na nywila kwenye risiti, pamoja na toleo la Android analonunua.

Ukinunua kilichotumika, fedha isitoke mfukoni kabla muuzaji hajaondoa akaunti yake kwenye mipangilio mbele yako, akakifuta kutoka humo humo, kikawaka upya bila kudai akaunti ya mtu mwingine. Kikifutwa kwa kubonyeza vitufe vya pembeni akaunti ikiwa bado imo, kufuli linabaki.