"Mgongo Wazi": Jina Moja, Misimbo Miwili

Miaka michache iliyopita dada yangu aliniletea karatasi ya hospitali nimsomee, kwa kuwa katika ukoo wetu mimi ndiye nihesabiwaye kuwa mtu wa lugha. Mwanawe wa miaka tisa alikuwa ameanguka mchezoni, akapigwa picha ya mgongo, na chini ya ripoti pameandikwa maneno matatu ya Kilatini, spina bifida occulta, pamoja na alama Q76.0. Nikayatazama maneno mawili ya kwanza, nikamwambia pasi na kusita: "Ni mgongo wazi." Dada akaketi chini akalia. Alimjua mtoto wa jirani mwenye mgongo wazi, asiyeweza kusimama. Wakati huo mpwa wangu alikuwa uani akifukuza mpira.

Tafsiri yangu ingeweza kutetewa kwa kamusi, lakini ilikuwa kosa, na kosa lenyewe linastahili kuelezwa katika jarida la lugha.

Mfumo wa kimataifa wa kuainisha magonjwa una asili yake katika orodha ya sababu za vifo aliyoiwasilisha Mfaransa Jacques Bertillon mwaka 1893. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani liliitwaa kazi hiyo katika toleo la sita. Toleo la kumi, ambalo misimbo yake ndiyo tuijadiliyo hapa, liliidhinishwa mwaka 1990. La kumi na moja lilianza kutumika rasmi mwaka 2022, ingawa lile la kumi lingali mikononi mwa makarani wengi. Humo kasoro za kuzaliwa zimepewa herufi Q, herufi ambayo, kwa bahati, haimo katika alfabeti yetu.

Sasa na tuitazame Q05. Hii ndiyo ile hali ambayo pingili hazikufunga, na utando, aghalabu pamoja na ugwe mgongo wenyewe, hutokeza mgongoni mfano wa kifuko. Imewekwa miongoni mwa kasoro za mfumo wa neva. Tarakimu inayofuata nukta hutaja mahali pa pengo, na kama kichwa kimejaa maji au la: Q05.2 ni pengo la kiunoni pamoja na maji kichwani, Q05.7 ni pengo la kiunoni bila maji. Q76.0, kwa upande wake, imo katika fungu la mifupa. Upinde wa nyuma wa pingili haukuungana kikamilifu, basi. Ngozi imefunika na ugwe mgongo uko mahali pake, na wengi wenye hali hii huishi hata kufa kwao wasijue.

Mwanafunzi wa sarufi hatastaajabu. Neno "kiboko" lina sura ya KI-VI, lakini husemwa "kiboko amelala", si "kimelala". Sura huonyesha ngeli moja, upatanisho ukadai nyingine. Ndivyo ilivyo hali hii: jina lake ni la neva, upatanisho wake ni wa mifupa.

Neno "kibiongo" lina wingi wa maana kupita hata hilo. Hutumika kwa aliyezaliwa na pingili zenye kasoro (Q76.4), kwa mzee aliyepinda kwa udhaifu wa mifupa, na kwa aliyeliwa pingili na kifua kikuu, ugonjwa wenye dawa, uandikwao chini ya A18.0. Katika mazungumzo hilo si ila. Katika daftari la hospitali ni hasara, maana wa mwisho huyo angetibiwa.

Kuhusu mgongo wazi, hasara iko katika hesabu. Utafiti ulioongozwa kutoka Uingereza na kutangazwa mwaka 1991 ulionyesha kwamba asidi ya foliki hupunguza kwa takribani asilimia 72 hatari ya kasoro za jamii ya Q05 kurudia kwa mama aliyewahi kupata mimba yenye kasoro hiyo. Sharti aitumie mapema, kwani mfereji wa neva hufunga ndani ya wiki nne hivi tangu mimba kutungwa, kabla wengi hawajajitambua. Kenya nayo iliagiza mwaka 2012 unga wa viwandani wa mahindi na ngano utiwe asidi hiyo. Je, unga huo unafaa? Hatuwezi kujua iwapo karani, kwa kufuata jina, atawachanganya watoto wa Q05 na wale waliogunduliwa kwa bahati katika picha.

Napendekeza "mgongo wazi" libaki kwa Q05 pekee, kwani wazazi wamekwisha kulizoea, na Q76.0 iitwe "pengo fiche la pingili". Nilimwendea dada na istilahi hiyo jioni ileile. Akaisikiliza, kisha akauliza: "Kaka, mbona hukusema hivyo tangu asubuhi?"